Kwa nini bado tunabishana na Natala

Katika shule nyingi za upili huku kwetu Suneka, na bila shaka kwingineko nchini, mhusika wa kike wa tamthilia hufika darasani akiwa ameshaoshwa, amechanwa nywele na kuvishwa sare. Ni jasiri. Ana msimamo thabiti. Ana bidii. Ni mtetezi wa haki. Mwanafunzi anatakiwa kutaja sifa tano na kutoa mfano mmoja kwa kila sifa, achukue alama zake, afunge kitabu. Sina ugomvi na mtihani, kwani mtihani una kazi yake. Lakini orodha hiyo haiwezi kujibu swali ambalo mwalimu mmoja kijana aliniuliza juzi tulipokuwa tukingoja matatu ya kwenda Kisii mjini: "Prof, hivi kwa nini wanafunzi wangu wakishamaliza mtihani husahau karibu wahusika wote, ila Natala na Ashua hawawasahau?"

Swali zuri hilo, nami nalifanya mada ya wiki hii.

Jibu la haraka ni kwamba wanawake hao ni mashujaa. Silikubali. Ukitaka ushujaa katika Kigogo ya Pauline Kea, basi shujaa ni Tunu. Tunu anaongoza maandamano, anamkabili Majoka, anavamiwa na kuumizwa vibaya, na bado harudi nyuma. Ashua, mkewe Sudi, hafanyi lolote kati ya hayo. Anachoka na umaskini, anakwenda ofisini kwa Majoka, yule yule dhalimu ambaye mumewe anampinga, ili kuomba msaada. Huko anakutana na Husda, mke wa Majoka, na vurugu zinatokea. Akiwa korokoroni anamgeukia mumewe na kumdai talaka. Kwa mizani ya sifa tano, Ashua hana alama nyingi. Lakini ingia darasani useme, "Leo tunamjadili Ashua," uone mikono itakavyoinuka! Tunu wanafunzi humheshimu na kumnyamazia, ilhali juu ya Ashua wanagombana.

Maoni yangu ni kwamba mvuto wa wanawake hawa umo katika ugomvi huo. Na ugomvi wenyewe una mizizi katika sarufi.

Hebu tazama vitenzi ambavyo Kiswahili kimemtengea mwanamke katika mambo makubwa ya maisha yake. Mwanamume huoa, mwanamke huolewa. Mwanamume huposa, mwanamke huposwa. Mwanamke huozwa, hutolewa mahari, huachwa, hupewa talaka. Hata msiba una sarufi yake. Mume na mke wote hufiwa, lakini mume aliyefiwa husemwa kwamba ataoa tena, naye mke aliyefiwa husemwa kwamba atarithiwa. Anarithiwa kama shamba au kama ng'ombe. Kauli ya kutendwa imemshika tangu posa hadi kaburi, na si katika Kiswahili peke yake. Wasomaji wanaozungumza lugha nyingine za Kibantu wajaribu kutafsiri vitenzi hivyo, wataona mambo yaleyale.

Mwandishi wa tamthilia hana msimulizi wa kumsaidia. Ana watu wanaosema na kutenda mbele yetu. Akimweka mwanamke jukwaani ili atendwe tu, sisi tutamhurumia, tutafuta machozi na kwenda kunywa chai. Akimtoa katika kauli ya kutendwa na kumtia katika kauli ya kutenda, mambo yanabadilika, maana anayetenda anaweza kukosea, na anayeweza kukosea tuna haki ya kubishana naye. Hapo ndipo Natala alipo.

Tamthilia hiyo ya Kithaka wa Mberia ilitoka mwaka wa 1997. Natala anaambiwa kwamba mumewe, Tango, amefariki. Kabla machozi hayajakauka, shemeji yake, Wakene, anataka kumrithi pamoja na mali ya marehemu. Wenye mamlaka nao, wanaopaswa kumhudumia mfiwa, wanaugeuza msiba wake kuwa nafasi ya kujinufaisha. Natala anakataa. Mwishowe Tango anarudi akiwa hai, na inabainika kwamba aliyezikwa alikuwa mtu mwingine.

Nimewahi kuitazama ikiigizwa na wavulana watupu. Msomaji asishangae, kwani hata katika Ugiriki ya kale wanawake wa jukwaani walikuwa wanaume waliovaa vinyago, na katika London ya Shakespeare walikuwa wavulana. Dakika tano za kwanza ukumbi ulicheka kila Natala alipofungua mdomo. Kilemba kilikuwa kinamdondoka, mabega ni ya mchezaji raga. Kisha shemeji akaanza kudai haki yake ya kurithi, na kicheko kikafa chenyewe. Hakuna aliyenyamazisha watu. Walikuwa wamesahau kwamba yule ni mvulana, kwa sababu walichokuwa wakikisikia walikijua kutoka nyumbani.

Na wanakijua kweli. Mimi ni mzee wa miaka sitini na kitu, na kwetu mzee wa umri huo, awe profesa au mchoma makaa, huitwa kwenye kamati za mazishi. Nimekaa katika kamati nyingi upande huu wa Bonchari. Watu huchanga, hupanga gari na hema, huandika ratiba. Halafu, usiku wa manane, mtu hukohoa na kuuliza habari ya shamba. Mjane huwa ndani, amezungukwa na wanawake wenzake. Nje, chini ya hema, anajadiliwa kwa kauli ya kutendwa: atahamishwa, atapewa ile sehemu ya chini, atawekwa chini ya ndugu fulani. Wanaojadili si wazee wasiokwenda shule pekee. Baadhi yao ni vijana waliosoma Natala na kuandika mtihanini kwamba ni jasiri na ana msimamo thabiti.

Mtu hawezi kusema walikosa sheria. Sheria ya Urithi ya Kenya ilianza kutumika Julai 1981, miaka kumi na sita kabla ya Natala kuchapishwa. Katiba ya 2010 ikaongeza usawa wa mume na mke katika ndoa. Ndiposa sikubaliani na wahakiki wanaoisoma Natala kama ombi la kutungiwa sheria. Sheria ilikuwepo. Kithaka anauliza ni nani atakayesimama kando ya kaburi wakati karatasi imelala kabatini, na kusimama huko kunagharimu nini.

Wakenya wa rika langu tuliishuhudia gharama hiyo magazetini kabla ya kuisoma katika Natala. Wakili S. M. Otieno alifariki Desemba 1986. Mjane wake, Wambui Otieno, alitaka kumzika karibu na Nairobi. Ukoo wa Umira Kager ukadai mwili upelekwe Nyalgunga, Siaya. Kesi ikapanda hadi Mahakama ya Rufaa, nchi nzima ikasimama kusikiliza, na Mei 1987 Otieno akazikwa Nyalgunga bila mkewe kuwapo. Sidai kwamba Kithaka aliandika akiwa na kesi hiyo akilini. Ninachosema ni kwamba miaka kumi baadaye, Natala alipopanda jukwaani, hadhira ilikuwa imeshafanya mazoezi ya kubishana kuhusu mwanamke na maiti ya mumewe. Kuna waliomwona Wambui shujaa, na kuna waliomwona mkosefu wa adabu, tena wengine walibadili upande katikati ya kesi.

Wagiriki walilijua jambo hili zaidi ya miaka elfu mbili na mia nne iliyopita. Antigone wa Sophocles anamzika kaka yake kinyume na amri ya mfalme Kreon, na anakufa kwa sababu hiyo. Dadaye Ismene anamwonya mapema, tena kwa hoja nzito, kwamba wao ni wanawake wawili tu na dola ni dola. Kila kizazi kinachoisoma Antigone kinagawanyika. Mwingine anasema ni mtakatifu, mwingine anasema ni mkaidi aliyependa kifo kuliko mchumba wake. Sophocles hakumaliza ugomvi huo, naye bado anaigizwa.

Kithaka alimaliza wa kwake, na hapa nina neno naye. Kurudi kwa Tango kunafurahisha ukumbi. Nimeona watu wakisimama kupiga makofi. Lakini kunaipunguza kazi ya Natala. Mume anaporudi, kukataa kwake kunageuka kuwa uaminifu kwa mume aliye hai, na uaminifu kwa mume ni jambo ambalo kijiji chochote kinaweza kulisifu bila kubadilisha kitu. Wakene anaaibika kwa sababu kaka yake hajafa. Je, kama kaka angekuwa amekufa kweli? Msichana mmoja wa kidato cha tatu aliniuliza swali hilo waziwazi mbele ya darasa zima: "Sasa mwalimu, kama Tango hangerudi, Natala angelala wapi hiyo miaka yote?" Katika kitabu hakuna jibu. Nilifurahi sana, kwa kuwa msichana huyo alikuwa amemtoa Natala katika mikono ya mtunzi na kumpeleka nyumbani kwao. Tamthilia iliyofanya hivyo haijashindwa, hata kama mwisho wake ni mwepesi kuliko mwanzo wake.

Linganisha na kazi nyingine ya mtunzi huyuhuyu, Kifo Kisimani, ya mwaka 2001. Humo Gege anashawishiwa amuue ndugu yake Mwelusi, na chambo mojawapo ni ahadi ya kumwoa Alida, binti wa mtawala Bokono. Alida ni zawadi. Tamthilia hiyo ina wanawake wengine wenye uzito, sibishi, lakini nimefundisha miaka mingi na sijasikia mtu akimgombea Alida. Amebaki katika kauli ya kutendwa.

Ebrahim Hussein naye alilifungua dirisha hili kisha akaliacha nusu. Kinjeketile, tamthilia yake kuhusu Vita vya Maji Maji iliyochapishwa 1969, inaanza kwa wake wawili, Bi Kitunda na Bi Kinjeketile, wakizungumzia shida ya chakula. Ni mwanzo mzuri mno. Tunaingia katika vita vikubwa kupitia chungu kitupu. Lakini kadiri mambo ya wanaume yanavyopamba moto, wanawake hao wanafifia, na Chausiku, binti wa Kitunda, tunamjua zaidi kwa dhuluma anayotendewa. Msomaji hubaki akitamani kusikia Bi Kitunda angesema nini kuhusu maji yale na imani ile. Hussein ni mtunzi mkubwa, pengine mkubwa kuliko wote tulio nao, na labda ndiyo maana ukimya huo unaniudhi.

Alamin Mazrui hakumwacha Lanina anyamaze. Katika Kilio cha Haki, 1981, mwanamke ndiye kiongozi wa wafanyakazi katika shamba la mzungu, na upinzani anaoupata hautoki kwa mwajiri peke yake. Unatoka pia kwa wenzake wasiomeza wazo la kuongozwa na mwanamke. Mwaka uliofuata Mazrui mwenyewe aliwekwa kizuizini na serikali ya wakati huo. Lanina anasimama vizuri hadi leo, ijapokuwa mimi humwona amesimama wima kupita kiasi. Hotuba zake zinajua jibu kabla ya swali kuulizwa. Yuko karibu na Tunu kuliko Ashua.

Penina Muhando alipita njia ngumu zaidi. Katika Nguzo Mama, 1982, wanawake wa kijiji cha Patata wanajaribu kuisimamisha nguzo yao, na nguzo haisimami. Kila mmoja ana lake: kuna mwenye shida ya mume, kuna mjane aliyenyang'anywa mali na wakwe, kuna masengenyo na wivu kati yao wenyewe. Mwandishi mwanamke, tena mtetezi wa wanawake, anathubutu kuwaonyesha wakishindwa, na sehemu ya kosa ni yao. Kwa msomaji anayetafuta kielelezo cha kuigwa, hapo hapana kitu. Lakini wajumbe wa chama chochote cha akina mama pale sokoni Suneka, wenye kitabu cha michango na mweka hazina anayeshukiwa, wakisomewa Nguzo Mama watacheka kwa uchungu na kutajana majina.

Halafu yuko Bi Kirembwe. Said Ahmed Mohamed alimpa mwanamke kiti cha enzi cha Giningi katika Kivuli Kinaishi, 1990, na akamfanya dhalimu anayewapumbaza watu wake. Hapo orodha ya sifa tano huvunjika vipandevipande. Wanafunzi wa kike hunung'unika kwamba mtunzi amewatukana. Huwaambia kinyume chake. Kumnyima mwanamke uwezo wa kutenda uovu ni kumnyima nusu ya vitenzi vya lugha. Hakuna anayelalamika kwamba Makbeth, ambayo Samuel Mushi alituletea kwa Kiswahili mwaka 1968, inawatukana wanaume.

Nikitaja Shakespeare, siwezi kumruka Portia wa Mabepari wa Venisi, aliyevishwa Kiswahili na Mwalimu Nyerere mwaka 1969. Huyu ni mwanamke ambaye hata marehemu baba yake anamwoza akiwa kaburini, kwa visanduku vitatu ambavyo wachumba lazima wabahatishe. Kutendwa gani kunakozidi hapo? Kisha anavaa nguo za mwanamume, anaingia mahakamani na kumshinda Shylock kwa kusoma mkataba kuliko alivyousoma mwenye mkataba. Na hapo ndipo mabishano yanapoanza, kwa kuwa huruma anayoihubiri haifiki mbali inapokuwa zamu ya Shylock kuhurumiwa. Wanafunzi wangu wa miaka ya themanini walimshangilia. Wa leo wananiuliza kama Portia ni mnafiki. Ni Portia yuleyule, maneno ni yaleyale. Kilichobadilika ni sisi, naye ametusubiri.

Ibsen alipata msukosuko wa namna hiyo mapema. Nora, katika tamthilia yake ya 1879, anamwacha mume na watoto na kufunga mlango nyuma yake. Huko Ujerumani mwigizaji mashuhuri alikataa kuigiza mama anayeacha watoto wake, na Ibsen akalazimika kuandika mwisho mwingine ambao Nora habanduki. Mwisho huo wa kulazimishwa hauigizwi tena ila kwa nadra. Mlango ule ndio ulioshinda, na watu bado wanauliza kama ilikuwa haki kuufunga.

Kwetu mlango wenyewe una utata wa aina nyingine. Katika Bembea ya Maisha ya Timothy Arege, Sara ni mgonjwa na anahitaji kuuguzwa na bintiye Neema, lakini Bunju, mume wa Neema, anashikilia kwamba mila hairuhusu mama mkwe kulala nyumbani kwake. Wageni wanaweza kumwona Bunju mkatili tu. Sisi Abagusii tuna chinsoni, mfumo wa heshima na kuepukana baina ya wazazi na watoto na baina ya wakwe, na mzee wa huku akiisikia sehemu hiyo hutikisa kichwa kwa kumwelewa Bunju kabla hajamlaumu. (Nao uigizaji huku una vituko vyake. Katika Ekegusii baba ni mama, na tata ndiye baba. Mhusika akilia "Baba!" jukwaani, nusu ya bibi zetu hutazama upande mama alikoketi.) Neema amekwama kati ya mama aliyemzaa na mume aliyemwoa, na lolote atakalofanya linamuumiza mtu mwenye haki. Walimu wanaposema kwamba Neema "ana mapenzi ya dhati kwa wazazi" na kuandika alama mbili, wanampita mlangoni bila kumsalimu. Ningependa swali liwe: ungekuwa wewe, mama angelala wapi? Na mwanafunzi aruhusiwe kujibu kinyume cha mwalimu bila kupoteza alama.

Kuna mwanamke mmoja wa huku ambaye ningependa aandikiwe tamthilia ya Kiswahili ya namna hiyo. Ni Moraa. Januari 1908, Otenyo alimchoma mkuki Northcote, afisa wa kikoloni, na masimulizi yetu yanasema kwamba Moraa ndiye aliyemchochea. Mzungu alipona. Askari wakaletwa, nyumba zikachomwa, mifugo ikachukuliwa, watu wengi wakauawa, naye Otenyo akauawa. Katika hotuba za sikukuu Moraa hutajwa kama shujaa, sentensi moja, kisha msemaji anaendelea. Anastahili zaidi ya sentensi moja. Masimulizi yanamweka kama mlezi wa Otenyo, yaani alimtuma mtu aliyemlea. Mtunzi mwenye ujasiri aanzie pale moshi unapopungua, Otenyo hayupo, ng'ombe hawapo, na wanawake wa jirani wanapita mbele ya mlango wa Moraa wakienda mtoni. Mmoja anasimama. Anamwambia nini, na Moraa anamjibu nini?